Bateleur maana yake nini? Jinsi ya kulielezea jina la pungu na kulitumia kumtambua angani

Hii naiandika kwa ajili ya vijana wanaoongoza wageni huku kwetu Kusini, wa Kilwa, Liwale, Nachingwea mpaka Nanyumbu kule, na walimu wa klabu za mazingira mashuleni nao wamo, maana kuna swali moja linarudi kila mgeni akifungua kitabu chake cha ndege: huyu tai mweusi mwenye uso mwekundu mbona anaitwa bateleur, bateleur ndo nini? Na jibu linalotolewa mara nyingi ni "ni Kifaransa", basi, gari linaendelea. Kweli ni Kifaransa ila hapo hujajibu kitu. Jina hili ukilijua vizuri linakusaidia kumtambua ndege mwenyewe akiwa mbali kabisa, akiwa kidoti tu juu ya miombo, kwa hiyo sio habari ya kujionyesha kwamba unajua lugha ya watu, ni kifaa cha kazi sawasawa na darubini yako.

Anza na jina letu. Kwa Kiswahili huyu ni pungu, wengine wanasema tai pungu. Mwambie mgeni hilo kwanza, mfundishe alitamke, ndo uende kwenye bateleur, kwa sababu ukianza na la Kifaransa anaondoka akidhani hapa ndege hakuwa na jina mpaka aje mtu wa nje kumpa. Washona wa Zimbabwe wanamwita chapungu, sikiliza lilivyo karibu na pungu, hawa ni Wabantu wenzetu na wako mbali na sisi kweli kweli lakini majina yanaitikiana. Tena kule Zimbabwe kuna sanamu za ndege za mawe zilizokutwa kwenye magofu ya Great Zimbabwe, mpaka leo wapo wataalamu wanaosema ni chapungu na wapo wanaosema ni tai anayekula samaki. Wageni wanapenda sana habari hii, itumie.

Na kama uko kijijini waulize wazee wanamwitaje kwa Kimakonde, Kimwera, Kiyao au Kingindo, kutegemea uko wapi. Ila uliza kwa akili. Usimuulize babu "tai mnamwitaje", atakupa jina la ndege yeyote mwenye kucha. Muoneshe picha kwenye simu, picha ya ndege aliyekaa na picha ya ndege anayeruka, halafu mwache aongee mwenyewe anafanyaje, anakula nini, anaonekana wapi. Akianza kukusimulia kwamba hana mkia, au anayumba yumba akiruka, hapo ujue mnamuongelea mmoja, ndo uandike jina kama anavyolitamka yeye na umuulize lina maana gani. Hii ni muhimu kwa sababu huku kila ndege mkubwa anayezunguka juu anaishia kuitwa mwewe na kubebeshwa kesi ya vifaranga, na pungu wa watu anaingizwa humo humo.

Haya, matamshi. Bateleur Wafaransa hawaisomi herufi kwa herufi kama sisi tunavyosoma Kiswahili. Ile e ya kwanza wanaimeza, kwa hiyo linabaki vipande viwili tu, bat halafu leur. Hiyo eur ndo inayosumbua. Fanya hivi: sema "le" ya kawaida ya Kiswahili, ivute kidogo, huku unaivuta kunja midomo iwe ya duara kama unataka kupiga mluzi lakini ulimi usiusogeze, ubaki pale pale ulipokuwa. Sauti itabadilika yenyewe. Kisha malizia na r ambayo haipigwi na ncha ya ulimi, inakwaruza nyuma kooni, na sisi watu wa pwani tuna bahati hapo kwa sababu tunayo gh ya ghali na ghafla, ile ile ilegeze kidogo imetoka. Waingereza na Wamarekani wao wanalisema kwa vipande vitatu, ba-te-laa, na mkazo unakaa mwishoni. Mgeni akiwa Mwingereza mwambie ba-te-laa atakuelewa, akiwa Mfaransa mpe la kwake, atafurahi mno. Usiseme "batelia" wala "bateloo", hayo hayapo popote.

Sasa maana, na hapa ndo pa kukaa.

Bateleur zamani Ufaransa alikuwa mtu wa kwenye magulio na viwanja vya soko, kazi yake kukusanya watu na kuwafurahisha ili watoe hela. Anafanya mazingaombwe, anarusha vitu vingi na kuvidaka, anapinduka sarakasi, anaigiza, chochote kitakachomfanya mtu anayepita asimame. Neno lenyewe lina mizizi kwenye Kifaransa cha kale, baastel, lililohusu vifaa na michezo ya hao wanamazingaombwe. Ukitaka ushahidi wa kumuonesha mgeni tafuta picha ya karata za tarot za Kifaransa, zile za michoro zinazotumika pia kupigia ramli, ile karata ya namba 1 imeandikwa Le Bateleur, na utamuona jamaa amesimama nyuma ya meza, mbele yake kuna vikombe na vikorokoro vya kuchezea. Huyo ndo bateleur.

Naisema hivi kwa sababu vitabu vingi vya Kiingereza vinaandika kwamba bateleur maana yake ni mtu anayetembea juu ya kamba iliyotundikwa. Sio uongo wa moja kwa moja, watu wa kamba walikuwa humo humo kwenye kundi la hao wachezaji wa magulioni, lakini Mfaransa akitaka kumtaja mtu wa kamba peke yake anasema funambule. Kwa hiyo wewe sema "mchezaji wa michezo ya sarakasi na mazingaombwe wa mtaani", halafu uongeze kwamba wengi wanamfikiria yule wa kwenye kamba kwa sababu ya jinsi ndege anavyotafuta balansi hewani. Ukisema yote mawili upo salama, hata mgeni akiwa profesa. Kuna wengine wanaliona neno bateau ndani yake, ambalo ni mashua kwa Kifaransa, na kwa vile sisi ni watu wa bahari inavutia kusema ndege huyu ni baharia. Hapana. Bateau na bateleur yanafanana sura tu, hayana undugu. Wala usilichanganye na batailleur, mtu mgomvi, eti kwa sababu ni tai.

Nani alimpa hilo jina? Ni François Levaillant, Mfaransa aliyezaliwa 1753 Paramaribo, Suriname, kule Amerika ya Kusini. Huyu bwana alifika Rasi ya Tumaini Jema, ambayo leo ni Afrika Kusini, mwaka 1781 akakaa mpaka 1784 akizunguka na kukusanya ndege. Hakufika huku kwetu, hilo liweke wazi, usije ukamwambia mgeni kwamba jina lilipatikana Selous. Aliporudi Ulaya akaanza kutoa vitabu vya ndege wa Afrika kuanzia 1796, vina michoro mizuri sana, na kitu cha kipekee kwake ni kwamba alikuwa hataki kabisa majina ya Kilatini ya mtindo wa Linnaeus, yule mwanasayansi wa Sweden aliyeanzisha utaratibu wa kuwapa viumbe majina ya kisayansi, yeye alimpa kila ndege jina la Kifaransa la kueleza tabia yake au muonekano wake. Pungu alimuona akicheza hewani, akipinduka na kupiga mabawa, akamfananisha na wale wachezaji wanaofurahisha watazamaji, ndo akamwita le bateleur. Waburu wa kule walikuwa na jina lao, berghaan, yaani jogoo wa mlimani, na Wajerumani mpaka leo wanamwita Gaukler ambalo maana yake ni ile ile ya mwanamazingaombwe. Waingereza wakalichukua la Kifaransa kama lilivyo, hawakubadilisha hata herufi.

Kwa kuwa Levaillant alikataa Kilatini, ikabidi wengine wamfanyie hiyo kazi. François Marie Daudin, naye Mfaransa, mwaka 1800 akampa pungu jina la kisayansi akitumia maelezo ya Levaillant, akamwita ecaudatus, Kilatini hicho, maana yake asiye na mkia. Baadaye 1830 Mfaransa mwingine, René Lesson, akamuanzishia jenasi yake, yaani kundi la kisayansi la viumbe wa karibu, akaliita Terathopius, kwa Kigiriki, ni kama kusema mwenye sura ya ajabu. Leo jina kamili ni Terathopius ecaudatus na ni yeye peke yake duniani kwenye hiyo jenasi, hana ndugu wa karibu wa kuchangia naye jina. Kwa hiyo hayo majina matatu, moja la Kifaransa, moja la Kigiriki, moja la Kilatini, yakikaa pamoja yanakwambia vitu vitatu vya kutazama: namna anavyoruka, uso wake, na mkia.

Hapo ndo pa kutoka nje kwenda kumtafuta. Mjini Mtwara au Lindi pwani usitegemee kumpata, huyu ni wa nchi yenye uwazi, miombo na savana. Nafasi kubwa ipo ukielekea Liwale na Hifadhi ya Taifa ya Nyerere, ile iliyomegwa kutoka Selous mwaka 2019, pia upande wa mto Ruvuma kwenye pori la Lukwika-Lumesule. Usihangaike alfajiri sana. Subiri jua lipande, ardhi ipate joto na hewa ianze kunyanyuka, huwa anaanza kuruka hapo, na akishaanza anaweza kukaa hewani sehemu kubwa ya mchana akitafuta chakula, hapigi mabawa ila mara chache, anateleza tu.

Tazama mabawa kwanza. Ni marefu, kutoka ncha hadi ncha yanafika kama sentimita 160 hadi 190, na anayanyanyua juu yakatengeneza umbo la V. Sasa muangalie kwa dakika nzima bila kuhama. Utaona anaegemea kulia, anarudi, anaegemea kushoto, anarudi, muda wote hivyo hivyo kama mcheza ngongoti anayepita katikati ya umati na mikono ameitanua asidondoke. Hiyo ndo bateleur. Hakuna haja ya kuona rangi yoyote, ukiona huo myumbo na hiyo V, umempata, hata kama ni kidoti.

Kwa nini anayumba? Ndege wengi wakubwa wanatumia mkia kama usukani. Nenda soko la samaki pale Feri Mtwara msimu ambao mwewe wapo, wale wenye mdomo wa njano, simama uwaangalie wanavyonyang'anyana utumbo wa samaki: mkia wao mrefu, una panda mwishoni, na wanaupindisha huku na huku kila wanapokata kona, mabawa yanatulia mkia ndo unafanya kazi. Pungu hana hiyo anasa. Mkia wake ni mfupi mno mpaka akiwa mkubwa miguu inatokeza nyuma yake anaporuka, kwa hiyo anajiongoza kwa kuyainamisha mabawa upande upande. Ecaudatus na bateleur kwa hiyo ni kitu kimoja kimesemwa mara mbili, kwa sababu hana mkia ndo maana anayumba. Ukimueleza mgeni hivyo, au mtoto wa darasa la tano, hasahau. Mimi nashauri kabisa walimu wa mjini waanze somo na mwewe pale Feri, wanafunzi wachore mkia wake na watazame unavyogeuka, ndo baadaye wakipata safari ya porini wataelewa pungu amekosa nini na amefidia vipi.

Uso sasa, ile "sura ya ajabu" ya Lesson. Ngozi ya uso na miguu ni nyekundu kali, mdomo una wekundu kuingia njano na ncha nyeusi, kichwa kina manyoya mengi yanayomfanya aonekane na kichwa kikubwa kama amevaa kofia, mwili mweusi, mgongo wa rangi ya kahawia nyekundu. Wapo wachache wenye mgongo wa rangi ya krimu, usichanganyikiwe ukadhani ni aina nyingine.

Dume na jike unaweza kuwatofautisha hata wakiwa hewani, jambo ambalo kwa tai wengi ni gumu. Tazama chini ya bawa: dume ana ukanda mweusi mpana ukingo wa nyuma, jike ukanda wake mweusi ni mwembamba na sehemu kubwa ni nyeupe. Akiwa amekaa mtini, jike anaonesha eneo la kijivu kwenye bawa lililokunjwa, dume hapo ni mweusi. Hili nalo mgeni anafurahia kwa sababu anaweza kulithibitisha mwenyewe.

Kuna mtego mmoja mkubwa na unawapata watu wazoefu kabisa. Mtoto wa pungu hafanani na jina lake. Ni wa kahawia mwili mzima, uso hauna wekundu, una rangi ya kijivu yenye ubuluu au ukijani, na mkia wake ni mrefu kuliko wa mkubwa. Yaani ecaudatus ana mkia! Na anakaa kwenye hali hiyo ya kubadilika badilika miaka mingi, inafika 6 mpaka 8 kabla hajawa na rangi kamili ya utu uzima. Kwa hiyo ukiona tai wa kahawia anayeyumba kwenye V usikimbilie kusema ni tai mwingine. Angalia kichwa kikubwa, angalia mkia ambao bado ni mfupi ukilinganisha na tai wengine, na zaidi ya yote angalia huo myumbo. Rangi itakudanganya na mkia unaweza kukudanganya, mruko haudanganyi, ndo maana mimi katika hayo majina matatu la Levaillant naliona ni bora kuliko yote.

Na ukibahatika kuwakuta wawili wakati wa kuchumbiana utaona sababu yenyewe ya jina. Anateremka kwa kasi, anapinduka, wakati mwingine anajibiringisha mzunguko mzima hewani, na mabawa anayapiga yanatoa kishindo kinachosikika mbali. Simamisha gari. Zima injini. Mwache mgeni asikie, maelezo utampa baadaye.

Jambo ambalo usiliache kwenye maelezo yako ni sumu. Pungu anakula nyoka, ndege, wanyama wadogo, na mizoga pia, na kwa vile anaruka chini chini akipekua eneo kubwa huwa anaiwahi mizoga, hata midogo, kabla tumbusi hawajashuka. Sasa mtu aliyeliwa ng'ombe au mbuzi wake anapaka sumu kwenye mzoga akimlenga simba au fisi, anayefika wa kwanza ni pungu. Anataga yai moja tu kwa msimu na mtoto anachukua hiyo miaka yote kukua, wakubwa wakifa idadi hairudi haraka. Mwaka 2020 IUCN, shirika la kimataifa la uhifadhi wa viumbe, walimuingiza kwenye kundi la ndege walio hatarini kutoweka. Ukiwa kijijini unaulizia jina, hiyo ni nafasi nzuri ya kuliongea hili na wafugaji, kwa heshima, maana mtu aliyepoteza ng'ombe ana machungu yake ya kweli na hatakusikiliza ukimfuata kwa kumlaumu. Muoneshe picha, mwambie huyu hali ng'ombe wako, huyu anakula nyoka na mizoga.

Njia hii hii unaweza kuitumia kwa majina mengine yaliyopitia Ufaransa, nayo huku yapo mengi kuliko watu wanavyodhani. Tai anayekula samaki, kwazi, yule anayelia kwa sauti kubwa mitoni na maziwani, Levaillant alimwita vocifer, mpiga kelele, na Daudin mwaka 1800 akalibakiza kwenye jina la kisayansi. Huyo tumia sikio badala ya jicho, kelele ndo alama yake. Yule ndege wa misituni mwenye mgongo wa kijani na tumbo jekundu, anayeitwa Narina kwenye vitabu vya Kiingereza, jina ni la mwanamke wa Kikhoikhoi ambaye Levaillant alikutana naye kule Rasi, kwa hiyo ukiwa kwenye misitu ya pwani huku Lindi ukimuonesha mgeni ndege huyo unamtaja mwanamke wa Kiafrika wa miaka ya 1780. Hapo jina halikusaidii kumtambua ndege kwa sababu halisemi chochote kuhusu umbo wala tabia, na ni vizuri umwambie mgeni hivyo. Yangeyange kwa Kiingereza anaitwa egret, na hilo limetoka kwenye aigrette la Kifaransa, neno ambalo Wafaransa wanalitumia pia kwa kishungi cha manyoya, na kwa yangeyange wakati wa kuzaliana hayo manyoya marefu ya urembo yanaonekana waziwazi.

Kila jina liulize maswali hayo hayo: nani alilitoa, alikuwa wapi, alikiona nini, na je, na mimi nikisimama hapa Liwale au Rondo naweza kukiona hicho hicho? Kama ndiyo, lifundishe jina kama alama. Kama hapana, lisimulie kama historia tu, uendelee na safari.